Nusu Saa Yako Mwenyewe: Namna ya Kupata Faragha Katika Nyumba ya Watu Wengi

Kila muhula ukikaribia kwisha, kuna wanafunzi wawili watatu wanaonisubiri nje ya ofisi ya walimu mpaka wenzao waondoke. Swali lao nalijua kabla hawajafungua mdomo: "Mwalimu, mimi ni mkimya sana, nifanyeje nichangamke?" Halafu kuna mama zao, na majirani zangu, na walimu wenzangu, ambao huuliza kwa maneno mengine: kichwa kimejaa, nyumba imejaa, sina pa kukaa hata dakika tano bila kuitwa, nifanyeje? Nimewajibu mara nyingi, nusunusu, kengele ikigonga. Sasa nayaandika yote mahali pamoja.

Wote nawapa jibu moja. Huhitaji kuchangamka zaidi ya ulivyo. Unahitaji muda wako wa faragha, mfupi, unaojulikana na kila mtu nyumbani, usio wa kuiba. Nitakueleza namna ya kuupata ukiwa unaishi kama wengi wetu: vyumba sita, korido moja, choo kimoja, au nyumba ya familia yenye bibi, shangazi, wadogo zako na wageni kutoka kijijini.

Maelezo machache tu kabla hatujaanza. Carl Jung, daktari wa akili wa Uswisi, ndiye aliyeeneza mwaka 1921 ule mgawanyo wa watu ambao nguvu zao huelekea ndani na wale ambao nguvu zao huelekea nje, na hakuamini kwamba yupo mtu wa upande mmoja mtupu. Mtu wa ndani akitoka kwenye harusi amechoka kama aliyebeba mizigo, hata kama alicheza na kufurahi. Hana kasoro. Anahitaji kutulia ndipo nguvu zimrudie. Na usichanganye faragha na upweke. Upweke ni kukosa watu unaowahitaji. Faragha ni kuwaacha kidogo watu ulio nao, huku nao wakijua kwamba utarudi.

Hili naliandika kwa uchungu kidogo. Kwa miaka mingi nilijaza ripoti za wanafunzi kwa maneno "mkimya mno, achangamke". Baadhi ya watoto hao ndio waliokuwa wakifikiri kuliko darasa zima, nami nikawapeleka nyumbani na karatasi inayowaambia wana tatizo.

Unachohitaji kabla ya kuanza

- Daftari moja na kalamu. Kaunta buku ndogo inatosha. Lisiwe daftari la hesabu za nyumbani wala la vikoba.
- Kitu cha kukalia kitakachokuwa alama yako: mkeka, kigoda, hata khanga moja iliyokunjwa. Kisitumike kwa kazi nyingine.
- Saa isiyo simu. Saa ndogo ya mezani, au ya mkononi.
- Mtu mmoja ndani ya nyumba anayejua unachofanya na kwa nini. Huyu ni muhimu kuliko vitu vyote vitatu vilivyotangulia.

Huhitaji chumba chako peke yako, ubani wala muziki wa taratibu. Anayekwambia huwezi kutafakari bila kulipia mafunzo anauza mafunzo.

Hatua ya 1: Ichunguze nyumba yako kwa siku tatu

Usichague saa kichwani. Kwa siku tatu andika nyumba inapiga kelele saa ngapi na inanyamaza saa ngapi. Kwangu Mbagala ilikuwa hivi: maji yanatoka bombani saa tisa usiku na ndoo zinagongana mpaka saa kumi. Saa kumi na moja na nusu jirani anayeuza chapati anakokea jiko la mkaa. Saa kumi na mbili watoto wa shule wanatafutana soksi. Mchana kuna redio mbili za stesheni tofauti. Saa moja usiku ni taarifa ya habari, kisha tamthilia, na Jumamosi kuna uwezekano wa kigodoro, ile ngoma ya mtaani, mtaa wa pili mpaka alfajiri.

Ukiitazama orodha hiyo utaona pengo. Langu lilikuwa kati ya saa kumi na nusu na adhana ya alfajiri. Ndoo zimeshajaa, jiko halijawashwa. Adhana ikianza nimemaliza, naenda kutawadha, kwa hiyo hata kengele sihitaji. Sisi tulio karibu na ikweta tumejaliwa jambo moja: jua la Dar es Salaam huchomoza kati ya saa kumi na mbili kasoro na saa kumi na mbili na nusu na ushei, mwaka mzima. Saa uliyoichagua Januari bado itakufaa Julai, tofauti ni dakika chache.

Pengo lako laweza kuwa saa nne asubuhi watu wakiwa kazini, au saa tisa alasiri jua likiwa kali na kila mtu amelala. Mlinzi wa usiku ana pengo refu kuliko sisi sote. Mama anayenyonyesha ana pengo kila mtoto anaposhika titi, ila simu isiwe mkono wa pili.

*Kosa la kawaida:* kuchukua muda huo kutoka kwenye usingizi. Kama utaamka saa kumi na nusu, saa nne usiku uwe kitandani. Ukishindwa kulala mapema, chagua pengo la mchana. Mtu asiyelala hatafakari, anasinzia na kuwa mkali.

Hatua ya 2: Tafuta mahali

Ndani ya nyumba, jaribu kwa mpangilio huu: pembe ya ua iliyo mbali na bomba, kibaraza cha nyuma, ngazi, chumba chako ukiwa umeketi sakafuni. Kitandani usikae, mwili unajua kazi ya kitanda. Kibaraza cha mbele kiache. Kibaraza cha mbele ni cha baraza, kimejengwa ili mpita njia asimame, na hata ukifumba macho utasalimiwa na watu ishirini.

Nyumba ikishindikana kabisa, toka. Msikiti kati ya swala na swala huwa kimya, na makanisa mengi ya katikati ya miji huacha mlango wazi siku za kazi. Dar es Salaam kuna Maktaba ya Taifa, Barabara ya Bibi Titi Mohamed, iliyofunguliwa mwaka 1967, na mikoani ziko maktaba za mikoa ambazo watu wazima wamezisahau wakadhani ni za wanafunzi tu. Unguja, Forodhani asubuhi kabla wauza vyakula hawajaja ni mahali pazuri sana. Nairobi wana msitu wa Karura, ule ambao Wangari Maathai aliupigania mwaka 1999 mpaka akapigwa. Ukitembea kwenye vivuli vile unaelewa alikuwa anawatunzia watu nini.

Daladala nayo ni mahali. Nenda mpaka kituo inapoanzia, kaa dirishani, usitoe simu. Nimefikia maamuzi makubwa mawili ya maisha yangu kati ya Mbagala na Kariakoo.

*Onyo, hasa kwa dada zangu:* usiende ufukwe mtupu au pori peke yako kwa sababu unatafuta utulivu. Faragha haihitaji pori, inahitaji watu wasiokujua. Benchi la bustani yenye watu wanaopita ni salama zaidi, na hakuna atakayekuuliza "mbona umekaa hivyo?"

Hatua ya 3: Aga

Hapa ndipo watu wanashindwa, nami nitakaa hapa kidogo.

Nilipoanza sikumwambia mtu. Nilikuwa nafunga mlango kwa komeo. Mama mkwe alikuwa amekuja kwetu kwa matibabu, na kila alfajiri akasikia komeo. Akahesabu siku. Akaamua kwamba nimemkataa. Hakuniambia. Alimwambia wifi yangu, wifi akamwambia kaka yake, na mwezi wa pili kikao cha familia kikakaa, mimi katikati. Nilikuwa nimefanya kitu kizuri kwa namna mbaya, na nilimuumiza mama mgonjwa. Alikuwa sahihi kuumia. Huku kwetu mlango uliofungwa unasema, na usipousemea wewe, watu watausemea wao.

Maana jamii yetu inayo majina mengi ya mtu anayekaa peke yake, na karibu yote ni mabaya: kanuna, anaringa, anajisikia, ana kiburi, ana lake jambo, kaingiliwa. Usiyakasirikie majina hayo. Yametoka kwa watu ambao kwao kukaa pamoja ndiko kulikowavusha njaa na misiba. Kazi yako ni kuwapa jina jingine la kutumia kabla hawajachagua lao.

Aga kila mtu kwa lugha yake, mchana, mkiwa na amani, si siku ya ugomvi.

Kwa mume au mke: "Siku hizi nimekuwa mkali na wewe umeona. Naomba nusu saa kabla ya adhana nikae peke yangu pale uani. Sijakukasirikia. Nataka nianze siku nikiwa nimetulia."

Kwa mama mkwe, bibi au mkubwa yeyote, baada ya shikamoo na kuulizana hali: "Mama, nakuomba radhi mapema. Alfajiri utaniona nimekaa kimya pale nje. Huwa nayapanga mambo yangu kabla nyumba haijaamka. Ukinihitaji, niguse bega tu." Sentensi ya mwisho usiiache. Ndiyo inayomwambia kwamba mlango haujafungwa kwake.

Kwa jirani wa chumba cha pili: "Jirani, alfajiri ukinikuta hapa nisipopiga stori usidhani nimenuna. Nikimaliza nakugongea." Na umgongee kweli.

Kwa mwenzako wa bweni: "Nikiwa juu ya deka na hili daftari, nipe nusu saa. Halafu nikishuka nakusikiliza yako yote."

Watoto hawahitaji maelezo marefu, wanahitaji alama. Mimi niliwaambia: mkeka huu ukitandikwa, mama hayupo, ukikunjwa, mama amerudi. Wa miaka minne alielewa kabla ya baba yake.

Mkubwa akikwambia kwamba kujitenga si mila zetu wala si dini, mjibu kwa adabu, kwa sababu jibu lipo. Mwislamu anajua kwamba Mtume Muhammad alikuwa akienda kukaa peke yake katika pango la Hira, karibu na Makka, na kwamba itikafu ya siku kumi za mwisho za Ramadhani ni ya kuacha shughuli na kukaa msikitini. Mkristo anayo Marko 1:35, Yesu anaamka alfajiri na mapema sana kwenda mahali pasipokuwa na watu, na anayo mafungo ya kanisani kwake. Hao wote walirudi kwa watu. Usisahau kuisema sehemu hiyo.

*Kosa la kawaida:* kujifanya unasali ili usisumbuliwe. Ni kweli kwamba mtu akiona umeshika tasbihi au rozari hakusemeshi. Lakini ibada si pazia. Kama unasali, sali, na kama unatafakari, sema unatafakari.

Na jambo moja halina msamaha: salamu. Hata ukiwa katikati ya muda wako, ukisalimiwa, itika. "Salama." "Marahaba." Ishie hapo na urudi kwenye kimya chako. Akipita mkubwa, mwamkie wewe kwanza. Salamu inachukua sekunde tatu, kutoitika kunaweza kukugharimu miezi.

Hatua ya 4: Iweke simu mbali na mkono

Si kuizima sauti. Iache chumba kingine, au mpe yule mtu wako mmoja, au ifunge kwenye pochi ndani ya sanduku. Ndiyo maana nimesema saa isiwe simu: ukiichukua kuangalia saa, utakuta kundi la familia lina ujumbe 84 na la kazini 30, na nusu saa imekwisha. Kama una mgonjwa nyumbani au hospitalini, acha simu kwa mtu atakayekuita ikilia. Huo ndio udhuru pekee ninaoukubali.

Hatua ya 5: Keti, anza na dakika kumi

Dakika kumi, si nusu saa. Nusu saa utaifikia.

Keti mgongo ukiwa umeegemea ukuta. Usijaribu kufuta mawazo, hayafutiki. Anza kwa kusikiliza sauti ukitoka mbali kuja karibu: lori la barabara kuu, mbwa wa mtaa wa nne, jogoo, feni ya chumba cha jirani, pumzi yako. Ukifika kwenye pumzi, kaa hapo kidogo. Mawazo yatakuja yenyewe, kodi, ada, maneno aliyokwambia mtu juzi. Liache kila moja lipite mbele yako kama mtu anayepita njiani. Ukijikuta umelifuata, rudi tena kwenye lori.

Dakika za mwanzo zitakuwa ngumu, na ugumu huo si dalili kwamba hukuumbiwa jambo hili. Mwaka 2014 watafiti wa Chuo Kikuu cha Virginia, Marekani, walichapisha jaribio ambalo watu waliachwa chumbani peke yao dakika 15, bila simu wala kitabu, ila walikuwa na kitufe cha kujipiga shoti ya umeme. Shoti hiyo walikuwa wameshaionja, wakasema wangelipa fedha wasiipate tena. Wanaume 12 kati ya 18 walikibonyeza kitufe, na wanawake 6 kati ya 24. Kama watu walichagua umeme kuliko kukaa na nafsi zao robo saa, wewe uliyetamani kuinuka dakika ya nne huna la kuona haya. Kaa tu.

*Kosa la kawaida:* kuugeuza muda huu kuwa kesi. Watu wakimya tuna tabia ya kurudia mazungumzo ya jana, tukijibu leo yale tuliyoshindwa kujibu jana. Ukijikuta unamjibu mtu asiyekuwepo kwa mara ya tatu, fungua daftari.

Hatua ya 6: Andika mistari mitatu

Mitatu tu. Ukiandika kurasa, wiki ya pili utachoka na kuacha.

Mstari wa kwanza: jana ni nini kilinibana kifua?
Wa pili: ni neno gani nilitaka kulisema nikalimeza, na lilikuwa la nani?
Wa tatu: leo nitafanya lipi, moja?

Huu ni ukurasa wangu mmoja, nimeupunguza kidogo: "Nilimfokea mtoto wa Kidato cha Pili kwa sababu ya kalamu. Nilimeza: kumwambia W kwamba hela ya mchango wa sherehe sina. Leo: nimwambie." Ukisoma mistari hiyo kwa pamoja unaona kwamba yule mtoto hakuwa na kosa. Hasira ilikuwa ya mchango. Nilimpigia wifi kabla ya saa nne, tukapanga nitoe nusu, kisha nikamtafuta mwanafunzi nikamwomba radhi. Nisingekaa kimya asubuhi ile, ningeendelea kumchukia mtoto wa watu kwa deni lisilo lake.

Hapo ndipo ninapoiona thamani yenyewe ya ukimya. Mtu wa ndani hukusanya mengi mchana: sura, maneno, nani alinyamaza, nani alicheka sana. Asipopata mahali pa kuyapanga, yanamtoka vibaya, au yanamkaa mwilini. Akipata, huyohuyo ndiye ambaye familia humgeukia mambo yakiwa mazito, kwa sababu akisema neno amelipima. Waliosema kimya kingi kina mshindo mkubwa walitumia methali hiyo kuonya. Mimi naipenda kwa upande wake mwingine, kwamba mshindo huo unaweza kuwa wa heri.

Tumia herufi moja badala ya majina, kama nilivyofanya na W. Daftari katika nyumba ya watu wengi litasomwa siku moja, amini usiamini. Likijaa, mimi hulichoma jikoni. Wengine huyahifadhi.

Hatua ya 7: Rudi kwa watu, na wakuone umerudi

Kunja mkeka. Usiende moja kwa moja kwenye simu wala kitandani. Mtafute mtu wa kwanza aliyeamka, msalimie vizuri kuliko kawaida, fanya kazi moja ya nyumba bila kuombwa: jaza mtungi, washa jiko, mvalishe mtoto. Baada ya mwezi mmoja wa hivi, watu wa nyumba yangu ndio walianza kunilindia muda. Mama mkwe, yule yule aliyeitisha kikao, alikuwa akiwanyamazisha watoto: "Mwacheni mama yenu amalize." Sijui zawadi iliyonigusa kuliko hiyo.

*Kosa la kawaida:* kurudi na ukimya. Nusu saa imekwisha, lakini mtu anaendelea kujibu kwa kichwa na kuguna mpaka mchana. Hapo majirani watakuwa na haki ya kusema umenuna.

Hatua ya 8: Ongeza polepole

Wiki mbili za dakika kumi. Wiki mbili za ishirini. Kisha nusu saa, na hapo baki. Saa nzima kila siku katika nyumba yenye watoto ni mzigo unaombebesha mwenzako.

Mara moja kwa mwezi, kama unaweza, jipe nusu siku ya kutembea. Jung huyo niliyemtaja alikuja Afrika Mashariki mwaka 1925, akashukia Mombasa. Kwenye nyanda za Athi, karibu na Nairobi, aliwaacha wenzake wa safari akatembea mpaka hawakuonekana tena, akasimama kuyatazama makundi ya wanyama akiwa peke yake kabisa, na hakuisahau saa ile maisha yake yote. Sisi nyanda zile tunazipita kwa basi, tumeangalia simu. Nusu siku yako inaweza kuwa ya kutoka Posta mpaka Feri kwa miguu, uvuke Kigamboni, urudi. Aga kabla ya kuondoka na useme saa ya kurudi.

Mambo yakikwama

*"Nikikaa tu, nalia."* Wiki ya kwanza ni kawaida. Machozi hayo yalikuwa yanasubiri nafasi. Lia, andika mistari mitatu, nawa uso. Lakini kama wiki mbili zimepita hulali, huli, hakuna kinachokufurahisha, au mawazo ya kufa yanakuja, acha mwongozo huu. Hilo ni jambo la matibabu. Mwambie mtu leo, nenda kituo cha afya au hospitali ya mkoa, uombe kumwona mhudumu wa afya ya akili. Katika hali hiyo kukaa peke yako kunaongeza, hakuponyi.

*"Nikikaa, nasinzia."* Unadaiwa usingizi. Lipa deni kwanza, lala mapema siku tano, kisha jaribu tena ukiwa umeketi kwenye kigoda kisicho na pa kuegemea.

*"Mwenzangu anadhani nina mtu mwingine."* Acha mlango wazi. Keti pale anapoweza kukuona, simu mpe yeye akae nayo. Mualike akae karibu nawe siku moja, naye kimya, dakika kumi. Shaka hupungua mtu akiona kwa macho yake kwamba hakuna cha kuona.

*"Nyumba ina msiba."* Kunja mkeka, nenda kwenye msiba. Siku za matanga hazina faragha na hazipaswi kuwa nayo. Kama wewe ni mkimya, chukua kazi ya mkimya: kuosha vyombo, kuchota maji, kukaa karibu na mfiwa bila kusema. Wafiwa wengi wananiambia hao ndio wanaowakumbuka. Ukirudi nyumbani utahitaji siku mbili tatu za dakika kumi kumi.

*"Niko ugenini, nafanya kazi za ndani, nalala chumba kimoja na watoto wa bosi."* Swali hili niliulizwa na binti niliyemfundisha, aliyekwenda Oman. Wewe una upweke mwingi na faragha hakuna, vyote viwili kwa wakati mmoja. Anza na upweke: pigia nyumbani siku ile ile kila wiki, sauti ya mtu wako, si ujumbe tu. Faragha utaipata kwenye kazi za mikono zisizohitaji maneno, kama kupiga pasi au kukunja nguo. Mistari mitatu iandike kwa Kiswahili, au kwa kilugha chenu.

*"Mimi ni mchangamfu, napenda watu. Hili linanihusu?"* Dakika kumi zinakutosha. Na ukiwa na mtoto au mke mkimya ndani ya nyumba, zitakufundisha anachokitafuta.

*"Mwanangu ni mkimya, nimfanyeje?"* Usimsukume mbele ya wageni aimbe. Mpe saa yake na mahali pake, mfundishe kusalimia vizuri, kuaga, na kurudi. Mwulize swali moja jioni kisha usubiri jibu, hata likichukua dakika tatu. Na mwalimu wake akiandika kwenye ripoti "achangamke", njoo umwone mwalimu mzungumze.

*"Masika yanaanza, ua umejaa maji, nitakaa wapi?"* Ndani, chini ya bati. Mvua ikilipiga bati hakuna redio inayosikika, hakuna anayekugongea, hakuna anayekuita kwa jina. Ukisikia matone ya kwanza usiku, tega saa yako nusu saa mapema.